Vipimo vya Mezzabarba

Daftari langu halina picha. Lina namba.
Mwaka wa hamsini na nane: shingo thelathini na nane,
kiuno sabini na mbili, mguu wa kushoto
umeuzidi wa kulia kwa nusu sentimita.
Hilo hakulijua mtazamaji yeyote. Nilijua mimi,
niliyempigia pindo zisizolingana
ili zilingane.

Alitoka Terni, mwana wa mfua chuma,
barua ya paroko mfukoni.
Nikamvika kofia ya askari wa Kirumi,
wa tatu kutoka mwisho, safu ya nyuma.
Siku ile alikufa mara nne
maana kamera ilikwama mara tatu,
na kila kifo kilikuwa na mwenyewe.
Mwongozaji hakuona.
Mimi niliona, pini zimejaa mdomoni.

Ottorino Mezzabarba, yaani Ndevu-Nusu.
Tulimcheka: mashavu laini kama yai la kuchemsha,
na kila asubuhi tukiyabandika ndevu za watu.

Filamu ishirini za mwanzo hakusikika.
Mdomo ulikuwa wake, maneno ya mwingine,
bwana mfupi wa Trastevere, mwenye pumu,
aliyesemea gizani kwa malipo ya saa.
"Lafudhi yako inanuka kiwanda," walimwambia wenye fedha.
Jumapili moja akalipa tikiti akajisikilize.
Akarudi kwangu: "Ersilia, nina sauti nzuri ajabu.
Sijui tu inalala wapi."

Kisha milango ikafunguka, yote kwa pamoja,
kama ya basi.
Padre. Mwizi wa vito. Daktari mnyonya damu.
Mume wa kabatini, soksi mkononi.
Jambazi wa Meksiko katika vumbi la Almería:
joho lake nilikata blanketi la kitanda changu,
likarudi na tundu la risasi na harufu ya farasi,
nikalilalia baridi yote ile.
Mwaka wa sabini na moja alicheza filamu saba.
Aliingia askofu, akatoka mtoro,
akapanda tramu na sharubu upande mmoja,
na kondakta akamwamkia, "Baba Askofu."

Magazeti yalimwita asiyechagua.
"Mpishi," alinijibu, "hachagui njaa ya mtu."

Wiki aliyozikwa Nives wake
tulikuwa tunapiga komedi.
Aliporomoka ngazi mara kumi na moja, na trei ya vikombe,
tukacheka mpaka fundi wa taa akaketi chini.
Jioni akanirudishia shati limekunjwa vizuri.
Ncha za mikono zilikuwa zimetafunwa.
Nilishona nyingine. Sikuuliza.

Shingo arobaini na mbili. Arobaini na nne.
Kiuno sitakitaja, marehemu mama yangu alinifunza adabu.
Wakaja vijana wa televisheni na magari yao,
akawa mkaguzi wa polisi miaka tisa,
kisha babu wa mkaguzi,
kisha babu wa tangazo la biskuti,
sekunde kumi na mbili, na bado
aliniomba kitufe kimoja kilegee:
"Huyu mzee anaishi peke yake, Ersilia."

Jana amekuja na fimbo.
Venezia wanataka kumpa sanamu ya fedha
kwa kazi ya umri wake wote, na suti hana.
Nimempima. Shingo thelathini na nane,
kama mtu aliyekopa nyama, sasa amelipa.
Nikamuuliza, kalamu tayari,
swali nililomuuliza kila msimu:
"Nikushonee nani?"

Akaangalia kioo. Nje mtu alikuwa akiosha pikipiki.
Husemwa nguo ya kuazima haisitiri matako;
yeye ilimsitiri miaka hamsini na sita,
na sasa ameulizwa yake, amekwama
kuliko kamera ile.

"Mifuko," akasema mwishowe.
"Mifuko ya kweli. Zote ulizonivika
zilichorwa mstari tu kwa uzi.
Sijawahi kupata pa kutia mikono."

Nikaandika: mifuko, minne, ya kina.
Nikapiga magoti, magoti yangu yakalia,
nikanyoosha utepe mguu wa kushoto.
Nusu sentimita.
Bado ipo.